Osa, Simba na Filamu Isiyosema

 

Wajukuu wangu, reli ya zamani ya kutoka Mombasa hadi Nairobi hupita Mtito Andei, Kibwezi, Makindu, Emali na Sultan Hamud, katika Makueni yetu. Mwaka 1921 reli hiyo ilimpitisha hapa mwanamke wa Kimarekani aliyeitwa Osa Johnson. Alikuwa na mumewe, Martin, na masanduku ya kamera. Walikuja kutengeneza filamu, na nyota wa filamu hizo alikuwa Osa.

Osa alizaliwa mwaka 1894 huko Chanute, mji mdogo katika jimbo la Kansas. Babake alifanya kazi kwenye reli. Alipofika miaka 16 akaolewa na Martin, kijana aliyekuwa amesafiri Pasifiki kwa mashua ya mwandishi Jack London. Wakawa wanazunguka kumbini, Martin akionyesha picha za safari zake, Osa akiimba. Baadaye wakaenda wenyewe visiwani, wakarudi na filamu.

Filamu za enzi hizo hazikuwa na sauti. Mpiga picha alizungusha mpini wa kamera kwa mkono. Ukumbini, mara nyingi mtu alikaa kando ya skrini akipiga piano. Maneno yaliandikwa kwenye kadi zilizotokea kati ya picha, watu wakasoma, kisha picha ikaendelea. Mwigizaji alizungumza kwa macho, mabega na mwendo. Osa aliyaweza hayo.

Kuanzia 1924 hadi 1927 Osa na Martin walipiga kambi Marsabit, kando ya ziwa walilolipa jina la Paradise. George Eastman, mwenye kampuni ya Kodak, alikuwa miongoni mwa waliowachangia fedha. Martin alizungusha mpini wa kamera huku Osa amesimama karibu akiwa na bunduki, mnyama asije akawavamia.

Mwaka 1928 ikatoka filamu yao, Simba. Ndani yake simba anakuja mbio, Osa anafyatua risasi, kisha tunamwona akitayarisha mkate wa matofaa. Watazamaji walishangilia! Lakini sikilizeni siri ya kazi hii: utepe wa filamu hukatwa kwa mkasi na kuunganishwa kwa gundi. Simba wa leo anaweza kukutanishwa na bunduki ya juzi. Wanyama walikuwa wa kweli na hatari ilikuwa ya kweli. Mpangilio ulitengenezwa mezani.

Na kadi je? Wapagazi, wapishi na wawindaji wa Kiafrika walipita mbele ya kamera wakizungumza, bila sauti zao kunaswa. Kadi zikawafanyia mzaha ili Wamarekani wacheke. Aliyeandika kadi ndiye aliyewasemea, na wao hawakuulizwa.

Osa mwenyewe hakubaki kimya. Filamu ya Congorilla, ya 1932, ilikuwa na sauti. Baadaye yeye na Martin waliruka juu ya Afrika kwa ndege mbili, moja imepakwa milia ya pundamilia, nyingine madoa ya twiga. Martin alifariki mwaka 1937 baada ya ajali ya ndege huko California. Mwaka 1940 Osa akachapisha kitabu cha maisha yao, I Married Adventure, kikanunuliwa kwa wingi. Alifariki New York mwaka 1953, na Chanute ina makumbusho yao hadi leo. Wapagazi wale hawakupata kitabu wala makumbusho.

Siku hizi shule zetu za Kitui na Makueni hushiriki tamasha la kitaifa la drama na filamu. Huenda mmoja wenu akampiga picha nyanya yake akisimulia kwa Kikamba, kisha akaandika tafsiri chini ya picha. Kabla hujaipeleka filamu yako popote, keti naye umsomee ulichoandika. Akikwambia, "Sikusema hivyo, mjukuu wangu," futa, uandike upya.