Mfaransa Aliyeitungia Muziki Ar-Risala

Mwaka 1962 prodyuza Sam Spiegel alikuwa na filamu ya jangwani ya karibu saa nne, na muziki hana. Watunzi wenye majina makubwa walishindikana. Akamgeukia Mfaransa ambaye Hollywood haikumjua sana, Maurice Jarre, akampa kama wiki sita. Filamu ni Lawrence of Arabia, na Jarre akaondoka na Oscar.

Hakuwa limbukeni. Huyu mzaliwa wa Lyon, 1924, aliuacha uhandisi akaingia Konsavatua ya Paris kujifunza ngoma, kisha akatumikia muziki wa tamthilia kwa miaka mingi chini ya mwongozaji Jean Vilar. Mkono wa mpiga ngoma haukumtoka: Lawrence inaanza kwa vishindo vya ngoma, skrini bado nyeusi. Kwa Doctor Zhivago (1965) alitaka wapiga balalaika, ala ya nyuzi ya Kirusi, akawapata kwenye kanisa la Warusi Los Angeles. Nota hawazijui! Akawakaririsha. Oscar ya pili hiyo; ya tatu ikaja na A Passage to India (1984). Zote ni filamu za David Lean.

Lakini kazi yake ninayoipa nafasi ya kwanza haikupata tuzo. Ni The Message ya 1976, filamu ya kisa cha Mtume Muhammad, ambayo wengi wetu tunaijua kama Ar-Risala. Mwongozaji Moustapha Akkad aliipiga mara mbili: kwa Kiingereza, Hamza, ami wa Mtume, akiwa Anthony Quinn, na kwa Kiarabu, akiwa Abdallah Gaith. Mtume (S.A.W.) haonekani wala sauti yake haisikiki. Wahusika wanaitazama kamera, wanauliza, wananyamaza, wanaitikia jibu tusilolisikia. Hapo ndipo penye mtihani wa mtunzi: akizidisha mbwembwe amekosa adabu, akiacha kimya kitupu mtazamaji amepotea. Jarre aliweka sauti laini, iliyotulia, nayo inatujulisha kuwa Mtume yupo. Sijaona filamu nyingine iliyoutwika muziki mzigo mzito namna hii. Aliteuliwa kuwania Oscar, ikachukuliwa na John Williams kwa Star Wars.

Baadaye aliingia kwenye sinthesaiza, akatunga pia muziki wa Gorillas in the Mist (1988), kisa cha Dian Fossey na sokwe wa milima ya Rwanda. Alifariki Machi 2009, akiwa na miaka 84.

Ar-Risala ikirushwa tena Ramadhani, wahusika wakigeukia kamera, tafadhali wanyamazishe watoto kidogo usikilize.