Nyumba ya Milioni 100 Inayolipiwa Milioni 334

Mkopo wa nyumba hutangazwa kwa namba mbili, yaani kiwango cha riba kwa mwaka na kiasi cha rejesho kwa mwezi, na katika hizo mbili hakuna hata moja inayomweleza mkopaji ni fedha kiasi gani zitakuwa zimemtoka siku deni litakapokwisha. Jibu la swali hilo hutegemea jambo la tatu, ambalo mara nyingi hutajwa kana kwamba ni hisani ya mkopeshaji, nalo ni muda. Nchini Tanzania, ambako riba ya mikopo ya nyumba kwa miaka mingi ya karibuni imekuwa kati ya asilimia 15 na 19, muda ndio unaoamua kama mnunuzi atalipa bei ya nyumba mara mbili, mara tatu au mara nne, na ndio unaojadiliwa kidogo zaidi mteja anapoketi mbele ya ofisa mikopo.

Mfano mmoja unatosha kuonyesha mwendo wake. Mtu akikopa Sh milioni 100 kwa riba ya asilimia 16 na kwa muda wa miaka 20, huku riba ikikokotolewa kila mwezi juu ya salio la deni, rejesho lake litakuwa Sh 1,391,256 kila mwezi, kiasi kisichobadilika tangu mwezi wa kwanza hadi wa 240. Kwa kuwa kiasi hicho ni kilekile, ni rahisi kudhani kwamba deni nalo hupungua kwa hatua zilizo sawa, jambo ambalo si kweli hata kidogo. Katika mwezi wa kwanza riba peke yake ni Sh 1,333,333, kwa hiyo kinachobaki kwa ajili ya kupunguza deni la msingi, yaani zile fedha halisi zilizokopwa, ni Sh 57,923 tu. Mwaka mzima ukipita, mkopaji atakuwa ametoa karibu Sh milioni 16.7, na deni litakuwa limeshuka kwa takribani Sh 750,000.

Hali hiyo haibadiliki upesi, maana kila mwezi riba hudaiwa juu ya salio ambalo bado ni kubwa, na salio hubaki kubwa kwa sababu riba imekula karibu rejesho lote. Baada ya miaka 5, mkopaji aliyekwisha kulipa Sh milioni 83.5 bado anadaiwa Sh milioni 94.7. Baada ya miaka 10, akiwa nusu ya safari na akiwa ametoa Sh milioni 167, anadaiwa Sh milioni 83. Nusu ya deni la msingi haifikiwi mpaka karibu mwishoni mwa mwaka wa 16, na ni katika miaka 4 ya mwisho tu ambapo deni huporomoka kwa kasi. Jumla ya malipo yote ni karibu Sh milioni 334, na kati ya hizo Sh milioni 234 ni riba. Haya yote huonekana katika jedwali la marejesho, karatasi inayogawa kila rejesho katika sehemu ya riba na sehemu ya deni la msingi, na mkopaji ambaye hajaliona jedwali hilo kabla ya kutia saini hajaona bei ya kitu anachonunua.

Muda wenyewe kwa kawaida hupangwa kwa kuutazama mshahara. Ofisa mikopo huanza na kipimo ambacho watumishi wengi wanakifahamu, kwamba baada ya makato yote mfanyakazi abaki na angalau theluthi moja ya mshahara wake, na rejesho likizidi nafasi iliyopo, dawa iliyo karibu ni kuongeza miaka. Kwa riba ya asilimia 16, dawa hiyo haina nguvu inayodhaniwa. Mkopo uleule ukirefushwa kutoka miaka 20 hadi 25, rejesho hushuka kutoka Sh 1,391,256 hadi Sh 1,358,889, nafuu ya Sh 32,000 na ushee kwa mwezi, ambayo ni kama asilimia 2.3 tu, ilhali jumla ya malipo hupanda hadi karibu Sh milioni 408. Mkopaji hununua nafuu hiyo ndogo kwa Sh milioni 74. Kinyume chake, mkopo ukifupishwa hadi miaka 15, rejesho hupanda kwa takribani Sh 77,000 na kufika Sh 1,468,700, na jumla hushuka hadi Sh milioni 264, yaani karibu Sh milioni 70 pungufu.

Sababu ni ya kihesabu. Riba ya kila mwezi ndiyo sakafu ya rejesho, kwa maana kwamba hata mkopo usio na mwisho ungehitaji Sh 1,333,333 kila mwezi ili deni lisikue, kwa hiyo kuongeza miaka kunapunguza kile kipande chembamba kilicho juu ya sakafu, nacho tangu mwanzo ni kidogo. Katika nchi ambako riba ni asilimia 4, kurefusha mkopo kutoka miaka 20 hadi 25 hupunguza rejesho kwa karibu asilimia 13, na huko ushauri wa kuchukua muda mrefu una mantiki yake. Ushauri huohuo ukiletwa Dar es Salaam au Mwanza bila kubadilishwa unakuwa hasara iliyovikwa joho la wema.

Riba imekuwa ya juu kiasi hicho kwa sababu zinazojulikana. Benki ya Nyumba Tanzania, iliyofahamika kama THB na kuanzishwa mwanzoni mwa miaka ya 1970, ilianguka mwaka 1995, na kwa miaka kadhaa baada yake hapakuwa na chombo kilichojishughulisha hasa na mikopo ya makazi. Mabenki ya biashara hutegemea amana ambazo wateja wanaweza kuzichukua wakati wowote, na ni hatari kwa benki kukopesha kwa miaka 20 fedha inayoweza kudaiwa kesho. Sheria ya mikopo ya nyumba ya mwaka 2008 na kuanzishwa kwa TMRC mwaka 2010, kampuni inayoyakopesha mabenki fedha za muda mrefu kwa ajili ya mikopo ya nyumba, vilisaidia kuishusha riba iliyokuwa zaidi ya asilimia 20. Hata hivyo benki hujiuliza pia ingepata nini kama ingeikopesha Serikali badala ya familia, na Serikali ilipoleta hatifungani ya miaka 25 mwaka 2021 kwa kuponi, yaani riba ya mwaka, ya asilimia 15.95, jibu lilikuwa wazi. Matokeo ni kwamba mikopo yote ya nyumba nchini haifiki hata asilimia 1 ya pato la taifa, na wananchi walio wengi wanaendelea kujenga kidogo kidogo, msingi mwaka huu, kuta mwaka ujao, bati fedha ikipatikana.

Juu ya gharama ya muda hukaa hatari ya riba inayobadilika, yaani riba ambayo mkataba unairuhusu benki kuipandisha au kuishusha kufuatana na hali ya soko. Wakopaji wa Kenya wanaifahamu hatari hii kwa karibu, kwani riba ya Benki Kuu ya nchi hiyo, ambayo hutumika kama kipimo cha mwelekeo wa riba za mabenki, ilipandishwa kwa hatua kutoka asilimia 7 mwanzoni mwa 2022 hadi asilimia 13 Februari 2024. Katika mfano wa Sh milioni 100, riba ikipanda kutoka asilimia 16 hadi 18 baada ya miaka 5, rejesho litalazimika kuongezeka kwa takribani Sh 134,000 kwa mwezi ili mkopo uishe kwa wakati uliopangwa. Iwapo mkopaji ataachiwa aendelee na rejesho la zamani, jambo ambalo machoni linaonekana kuwa upole, riba ya mwezi kwenye salio la Sh milioni 94.7 itakuwa karibu Sh 1,421,000, ambayo ni kubwa kuliko rejesho lenyewe, na deni litaanza kukua wakati mtu analipa bila kukosa hata mwezi mmoja.

Njia ya kukokotoa riba nayo inaweza kumpoteza msomaji makini. Riba ya salio linalopungua, iliyotumika katika mifano ya hapo juu, hudaiwa juu ya kile kilichobaki tu, ilhali riba isiyopungua hudaiwa juu ya mkopo wote wa awali hadi siku ya mwisho, hata kama sehemu kubwa ya deni imekwisha kulipwa. Mkopo wa Sh milioni 100 kwa riba isiyopungua ya asilimia 9 kwa miaka 10 huzaa riba ya Sh milioni 90, sawasawa na mkopo wa salio linalopungua wenye riba ya asilimia 14.5 hivi. Anayelinganisha matangazo mawili kwa kutazama asilimia pekee, 9 huku na 14 kule, anaweza kukimbilia lililo ghali zaidi akidhani amepata bahati.

Zipo pia gharama zinazolipwa kabla ya ufunguo kukabidhiwa, zikiwamo ada ya kushughulikia mkopo, malipo ya mthamini na ya wakili, usajili wa rehani kwa Msajili wa Hati, bima ya maisha ya mkopaji na bima ya moto ya jengo. Rehani, kwa maana ya kisheria, ni haki ya mkopeshaji juu ya nyumba hadi deni liishe, na mkopaji mwenye mwenza wa ndoa hawezi kuiweka nyumba ya familia rehani bila ridhaa ya mwenza huyo. Gharama hizi zikifika, kwa mfano, asilimia 3 na kukatwa kwenye mkopo wenyewe, mkopaji hupokea Sh milioni 97 na kulipia Sh milioni 100, na riba yake halisi hupanda kutoka asilimia 16 hadi karibu 16.6. Kodi ya majengo, ambayo tangu Julai 2021 hukatwa kupitia LUKU, yaani mfumo wa kununua umeme kwa malipo ya kabla, kodi ya ardhi na matengenezo ya paa na mabomba ni mzigo wa kila mwenye nyumba, awe amekopa au hakukopa, lakini mkopaji huyabeba huku mshahara wake ukiwa umekwisha kubanwa.

Wapo wanaotetea mikopo ya muda mrefu kwa hoja ya mfumuko wa bei, kwamba shilingi ya miaka 20 ijayo itakuwa nyepesi na kwa hiyo deni litayeyuka lenyewe. Hoja hiyo ina uzito pale mfumuko unapokaribia riba au kuizidi. Mfumuko wa Tanzania umekuwa karibu asilimia 3, na kwa kiwango hicho marejesho yote ya Sh milioni 334 yakipimwa kwa thamani ya shilingi ya leo bado ni kama Sh milioni 250. Ulinganisho na kodi ya pango nao unahitaji utulivu, kwa sababu ule usemi kwamba mpangaji hutupa fedha husahau kwamba riba nayo hairudi. Katika mwaka wa kwanza wa mfano huu riba ni karibu Sh milioni 16, na kama nyumba ya aina hiyo inapangishwa kwa Sh 600,000 kwa mwezi, mpangaji hutoa Sh milioni 7.2. Kodi itapanda mwaka hadi mwaka na nyumba huenda ikaongezeka thamani, kwa hiyo kukopa kunaweza kuwa uamuzi sahihi, lakini usahihi huo lazima utoke kwenye hesabu za eneo husika.

Benki zinazofuata misingi ya Kiislamu hutumia njia nyingine, ikiwamo murabaha, ambapo benki hununua nyumba na kumuuzia mteja kwa bei yenye faida inayotajwa wazi na kulipwa kwa awamu. Sifa yake kubwa katika mjadala huu ni kwamba jumla hujulikana siku ya kwanza na haipandi soko linapopanda. Jumla hiyo haiwi ndogo kwa sababu tu imetajwa, na punguzo kwa anayemaliza mapema halipatikani moja kwa moja mpaka benki iridhie.

Mkopo ukigeuka kuwa chechefu, yaani marejesho yakikwama kwa muda, riba ya adhabu huongezwa juu ya ile ya kawaida. Kenya iliweka breki katika Sheria ya Benki tangu 2007, ikizuia riba inayodaiwa baada ya mkopo kuwa chechefu kupita kiasi cha deni la msingi lililokuwapo wakati huo, kinga ambayo wakopaji wa sehemu nyingine wangeitamani.

Nguvu kubwa iliyo mikononi mwa mkopaji ni kulipa zaidi mapema, kwani kila shilingi ya ziada hupunguza deni la msingi na kuua riba yote ambayo ingezaliwa juu yake. Katika mfano wa miaka 20, nyongeza moja ya Sh milioni 5 mwishoni mwa mwaka wa kwanza hufuta marejesho zaidi ya 50 ya mwishoni, yenye jumla ya karibu Sh milioni 71, mradi riba isibadilike. Sharti moja hupuuzwa sana: benki inaweza kuipokea fedha hiyo na kupunguza rejesho la mwezi huku muda ukibaki uleule, na hapo sehemu kubwa ya faida hupotea, kwa hiyo mkopaji anapaswa kuomba kwa maandishi kwamba rejesho libaki lilivyo na muda ufupishwe, kisha adai jedwali jipya. Kabla ya hapo kifungu cha mkataba kinachohusu ada ya kulipa mapema husomwa, na mkopo unapokwisha huwa imebaki kazi ya kuifuta rehani kwa Msajili wa Hati, kwa kuwa hati miliki iliyorudishwa kabatini huku ikiwa bado imesajiliwa rehani haiwezi kuuzwa wala kukopewa tena.