Sehemu ya Pili: Mzuka, Kicheko na Mwisho Usiofunga

Filamu ya kutisha inayochekesha bila kukusudia ni bidhaa ya ajabu, kwa kuwa mtazamaji huilipia kwa sababu ileile ambayo ingepaswa kumfanya adai fedha zake. Damu yake ni nyekundu kupita kiasi, mzuka wake amepakwa poda iliyoishia shingoni, na hata hivyo kanda huazimwa, hunakiliwa na kurudiwa, huku filamu yenye ustadi wa wastani ikisahaulika baada ya wiki moja. Mwandishi wa Marekani Susan Sontag, katika insha yake maarufu ya 1964 kuhusu ladha ya mambo yaliyopitiliza, alitenganisha kazi inayochekesha kwa makusudi na ile inayochekesha kwa sababu mtengenezaji wake aliichukulia kwa uzito wote akashindwa, na hii ya pili ndiyo aliyoiona kuwa safi zaidi.

Tofauti hiyo hujidhihirisha vizuri katika filamu za mwendelezo, na hasa katika mwisho wake. Sam Raimi, alipotengeneza *Evil Dead II* mwaka 1987, alijua fika kwamba anachekesha, akamalizia kwa kumtupa stelingi, yaani mhusika mkuu, katika karne za kale ambako anapokewa kama mkombozi huku mwenyewe akipiga mayowe. Claudio Fragasso, Mwitaliano aliyeongoza *Troll 2* iliyotoka mwaka 1990, hakuwa na mzaha huo: filamu yake ilibandikwa jina la mwendelezo bila kuendeleza chochote, waovu wake ni vibwengo wasiokula nyama ambao huwageuza binadamu kuwa mimea kabla ya kuwala, mtoto anawashinda kwa kutafuna mkate wenye soseji mbele yao, kisha familia inaporudi nyumbani salama, mama mzazi analiwa. Mwisho huo haukutokana na lolote lililotangulia, na ndiyo sababu unakumbukwa. Mwaka 2009 Michael Stephenson, aliyeigiza mtoto huyo, alitoa filamu ya kumbukumbu kuhusu watu wanaokusanyika kuitazama upya *Troll 2* na kuishangilia.

Tanzania ina mfano wake wa aina hii, na jina la mfano huo linatoka Rungwe, wilaya ya Wanyakyusa. Mwanzoni mwa miaka ya 2000, wakati filamu za video zilizokuja kuitwa Bongo Movie zilipokuwa zikijitafutia soko, mwongozaji Mussa Banzi alitoa *Nsyuka*, moja ya filamu za mwanzo za kutisha katika tasnia hiyo, na baadaye akaifuatisha na *Shumileta*, kisa cha kiumbe wa kike wa kuzimu ambacho kilimpa mwigizaji Jennifer Mwaipaja jina analojulikana nalo hadi leo. Mtafiti Mjerumani Claudia Böhme, aliyezichunguza kwa kina filamu za kutisha za Kitanzania, ameonyesha jinsi zilivyochota kutoka Nollywood, yaani filamu za video za Nigeria, na kuyachanganya yaliyochotwa huko na imani za hapa nyumbani. Katika Kinyakyusa, *unsyuka* ni mtu aliyekufa ambaye bado ana nguvu juu ya walio hai wa ukoo wake. Lakini baada ya zaidi ya karne moja ya mahubiri, tangu Wamoravian walipojenga misheni yao Rungwe mwaka 1891, jina hilo limesogezwa karibu na shetani, na kwa sura hiyo ya pili ndivyo lilivyoingia katika kanda.

Ni lazima kueleza hapa maana ya “sehemu ya pili” katika soko hili, kwa sababu haikuwa mwendelezo kwa maana ya Hollywood. Hadithi moja ilikatwa katikati, mara nyingi pale mzuka anaponyoosha mkono, ikauzwa kwa diski mbili zenye majalada mawili, na mtazamaji aliyenunua ya kwanza akawa amefungwa na udadisi wake mwenyewe kununua ya pili. Mpango huo wa kibiashara, uliotangulia kushamiri Nigeria baada ya *Living in Bondage* ya 1992, uliathiri usimulizi kuliko inavyokubaliwa kwa kawaida. Sehemu ya kwanza ilipewa vitisho vyote. Ya pili ikabaki na deni la kueleza, na muda uliobaki ukajazwa na magari yanayoingia getini taratibu, salamu zinazosemwa hadi mwisho na safari ya kwenda kwa mganga inayoonyeshwa hatua kwa hatua.

Ufundi wa kutoweka kwa mzuka unastahili kutazamwa kwa karibu. Kamera husimamishwa, mwigizaji huondoka, kamera huwashwa tena, na vipande viwili huunganishwa ili aonekane kuyeyuka. Ni hila iliyotumiwa na Mfaransa Georges Méliès tangu miaka ya 1890, nayo hufanya kazi vizuri mradi kitu kingine chochote kisisogee. Katika video zilizopigwa kwa haraka, kila kitu husogea: kivuli cha mgomba huruka kutoka upande mmoja wa ukuta hadi mwingine kwa sababu jua halikusubiri, na kuku aliyekuwa nyuma ya mzuka hutoweka pamoja naye. Mtazamaji hucheka, lakini kicheko hicho kina uangalifu ndani yake, kwa kuwa asiyeangalia kwa makini hawezi kumwona kuku.

Wilayani Rungwe kicheko hicho kina historia ndefu kuliko video. Wanaanthropolojia Godfrey na Monica Wilson, waliofanya utafiti miongoni mwa Wanyakyusa kati ya 1934 na 1938, waliandika kwa kirefu juu ya mazishi, na jambo lililomvutia Godfrey katika maandishi yake ya 1939 ni kwamba kilio na ngoma vilikaa uwanja mmoja: wanawake walilia karibu na maiti huku vijana wakicheza, wakitaniana na kucheka, wala hakuna aliyeona kwamba kundi moja linalidharau jingine. Monica, katika vitabu vyake vya miaka ya 1950, alieleza kwamba mila zilizofuata kifo zilikuwa na hatua mbili zinazoonekana kupingana, yaani kwanza kumfukuza marehemu atoke katika miili na ndoto za wafiwa, kisha kumrudisha nyumbani akiwa mzimu aliyetulia. Mtu aliyelelewa karibu na utamaduni wa namna hiyo hahitaji kufundishwa kwamba hofu na mzaha vinaweza kuishi pamoja, na pengine ndiyo sababu mgawanyo wa Kimagharibi kati ya filamu ya kutisha na ya kuchekesha huonekana kwake kama ukaidi wa wenye maduka.

Mila hizo zinaonyesha pia kwa nini mwisho wa filamu hizi huonekana mbovu kuliko poda na rangi. Kwa kawaida mzuka huunguzwa na maombi ya mchungaji au kufungwa na dawa ya mganga katika dakika chache za mwisho, pengine kwa sababu watengenezaji walitaka hadithi ifunge kwa fundisho ambalo familia ingelikubali sebuleni, na bodi ya filamu, inayofanya kazi chini ya Sheria Namba 4 ya 1976, isingelitilia shaka. Lakini mzuka wa ukoo haunguziki. Kwa mantiki ya zamani ya Kinyakyusa, kisa huisha pale mfu anapopewa mahali pake, na anayemwona *nsyuka* akilipuka kwa moshi wa kompyuta ana haki ya kuuliza ukoo wake umepata nini.

Swali hilo liliulizwa kwa sauti katika vibanda umiza, yaani vyumba vidogo vya kuonyeshea video vilivyopewa jina hilo kwa sababu ya mabenchi yake yanayoumiza. Katika mji kama Tukuyu wilayani Rungwe, ambao ni miongoni mwa sehemu zenye mvua nyingi zaidi nchini, mvua ikigonga mabati maongezi ya filamu hayasikiki tena, na watazamaji hulazimika kusema wenyewe yale ambayo midomo ya waigizaji inaonyesha. Kazi hiyo ilikuwa na mabingwa wake wa kulipwa: Derek Gaspar Mukandala, aliyefahamika kama Lufufu, alijenga jina lake kwa kusimulia kwa Kiswahili filamu za kigeni, akiongeza mzaha, utabiri na maelezo ambayo mwongozaji wa awali hakuyawaza. Filamu iliyokamilika haimwachii msimulizi nafasi. Iliyotoboka humwachia yote, na hapo ndipo mvuto wake ulipo: mtazamaji hapendi ubovu kwa ubovu wake, anapenda nafasi ambayo ubovu huo umemwachia.

Wilaya ya Rungwe yenyewe ina visa vingi vinavyomwachia msimulizi nafasi hiyo. Kuhusu Ziwa Kisiba la Masoko, lililo katika kreta ya volkano kando ya lililokuwa boma la Wajerumani, husimuliwa kwamba askari walioshindwa katika Vita ya Kwanza ya Dunia walitupa humo silaha na fedha, na kila msimulizi huhitimisha kwa namna yake, kutegemea nani anasikiliza.

Mfano wa wazi zaidi wa nafasi hiyo umetoka Uganda, ingawa si filamu ya mizuka. Isaac Nabwana, kutoka kitongoji cha Wakaliga jijini Kampala, alitoa mwaka 2010 *Who Killed Captain Alex?*, filamu ya mapigano iliyotengenezwa kwa fedha kidogo mno, ambayo jina lake linauliza ni nani aliyemuua Kapteni Alex. Helikopta za kompyuta zinalipua mji, msimulizi aitwaye VJ Emmie anapiga kelele juu ya kila tukio, kapteni anauawa mapema, na filamu inakwisha bila kumtaja muuaji. Mamilioni wameitazama kwenye intaneti, na wengi wao hubaki wakibishana kwa furaha kuhusu jibu ambalo Nabwana hakuwapa.