Programu Inapokataa Kupakuliwa: Tuitafute Hitilafu Mahali Ilipo

Katika miji na vijiji vya Tanzania simu janja imekuwa chombo cha kazi. Mwalimu hupokea kwayo nyaraka, mkulima huuliza bei ya mazao, mwanafunzi husoma mitihani ya miaka iliyopita, na fedha hutumwa na kupokewa pasipo kwenda benki. Kazi hizo hufanywa na programu, nazo programu hazina budi kupakuliwa kutoka mbali na kusasishwa mara kwa mara. Hapo ndipo wengi hukwama. Kioo cha simu huonyesha neno "Inasubiri" kwa saa nzima. Au upakuaji hukaribia mwisho kisha ukasimama. Au hutokea taarifa fupi kwamba programu haikuweza kusakinishwa, bila ya sababu kutajwa.

Mtu akifikwa na hali hiyo mara nyingi hujaribu kila kitu kwa wakati mmoja. Huizima simu, huifuta programu, hununua kifurushi kingine, na hatimaye humwomba mwenziwe amtumie programu hiyo kutoka katika simu yake. Pengine simu hupona, lakini mwenyewe hajui imeponywa na nini. Pengine hupoteza fedha, picha na ujumbe aliouhitaji. Makala haya yanakusudia kuonyesha kwamba hitilafu ya namna hii ina mahali pake, na kwamba mahali hapo paweza kupatikana kwa utaratibu uleule tuutumiao maabara: kutazama, kukisia, kubadili jambo moja tu, na kutazama tena.

Safari yenye vituo

Tuchukue mfano wa Kigwa, katika wilaya ya Uyui, mashariki ya mji wa Tabora. Kigwa ilikuwa katika njia ya misafara iliyotoka pwani kwenda Unyanyembe na Ujiji. Wasafiri wa karne ya 19, kama vile Richard Burton aliyepita mwaka 1857 na Henry Stanley aliyepita mwaka 1871, waliitaja katika habari za safari zao. Burton na mwenzake Speke waliondoka pwani mwezi Juni 1857, wakafika Kaze, karibu na Tabora ya leo, tarehe 7 Novemba. Shehena ya msafara haikubebwa kwa pamoja. Iligawanywa katika mizigo ambayo kila mmoja uliweza kuchukuliwa na mpagazi mmoja.

Programu nayo husafiri kwa mafungu. Seva, yaani kompyuta inayoihifadhi, huigawanya katika vipande vidogo vyenye namba, viitwavyo pakiti. Simu huvipokea na kuvipanga, na kama kimoja kimepotea njiani, huomba kiletwe tena. Tofauti kubwa ni mwendo. Nuru ndani ya nyuzi za kioo huenda kiasi cha kilometa 200,000 kwa sekunde. Tukiuchukua umbali wa Dar es Salaam hadi Tabora kwa reli kuwa kilometa 840, nuru huumaliza kwa sehemu 4 hivi za elfu za sekunde moja. Kwa hiyo umbali peke yake hauwezi kuwa sababu ya programu kukwama Kigwa.

Sababu itafutwe katika vituo vitano ambavyo programu hupitia: duka la programu pamoja na akaunti ya mwenye simu; njia kuu ya mawasiliano; mnara na kifurushi; nafasi iliyomo ndani ya simu; na ukaguzi wa mwisho.

Duka na njia kuu

Simu nyingi nchini hupata programu katika duka la Google Play, na zile za iPhone katika App Store. Maduka yote mawili yalianza mwaka 2008, lile la Google likiitwa Android Market hadi mwaka 2012. Duka humtambua mtu kwa akaunti yake. Nywila ikiwa imebadilishwa, au akaunti ikiwa imetoka kwenye simu, upakuaji hauanzi hata kama mtandao ni mzuri.

Njia kuu ni mikongo ya baharini na ile ya nchi kavu. Mkongo wa SEACOM ulifika Dar es Salaam mwaka 2009, na ule wa EASSy ukaanza kazi mwaka 2010. Tarehe 12 Mei 2024 mikongo hiyo miwili ilipata hitilafu, na intaneti ikadhoofika katika nchi kadhaa za Afrika Mashariki, Tanzania ikiwa mojawapo. Siku kama hiyo mtu aliyeko Kigwa angeweza kuizima na kuiwasha simu yake mara ishirini bila faida yoyote, maana hitilafu ilikuwa chini ya bahari. Dalili ya hitilafu ya njia kuu ni kwamba simu nyingi, za watu mbalimbali, huathirika kwa wakati mmoja. Dawa yake ni kusubiri.

Mnara na kifurushi

Kutoka mnarani hadi mkononi mwa mtumiaji mawasiliano hupita hewani, na uwezo wa mnara hugawanywa kwa wote wanaoutumia. Wakitumia wengi jioni, fungu la kila mmoja hupungua. Kadhalika simu iliyo mbali na mnara huweza kurudi kwenye teknolojia ya zamani yenye kasi ndogo.

Tufanye hesabu. Ukubwa wa programu hupimwa kwa megabaiti, lakini kasi ya mtandao hupimwa kwa megabiti kwa sekunde, na baiti 1 ni biti 8. Programu ya megabaiti 60 ni sawa na megabiti 480. Kasi ikiwa megabiti 4 kwa sekunde, itafika kwa sekunde 120, yaani dakika 2. Kasi ikishuka hadi megabiti 0.2 kwa sekunde, programu ileile itachukua sekunde 2,400, yaani dakika 40. Mwenye simu atadhani imekwama, kumbe inatembea polepole. Na kama kifurushi chake kilikuwa na megabaiti 50 tu, programu haitafika kamwe.

Neno "Inasubiri" lina sababu nyingine mbili za kawaida. Ya kwanza ni mpangilio unaoiagiza simu isasishe programu kwa Wi-Fi tu. Mpangilio huo humwokolea fedha aliye na Wi-Fi, lakini mahali pasipo na Wi-Fi simu itasubiri siku zote. Ya pili ni foleni: simu huenda inasasisha programu nyingine kumi ambazo mwenyewe hakuziomba, na ile anayoitaka iko nyuma. Akisimamisha hizo nyingine, yake husogea mbele.

Nafasi ndani ya simu

Mkulima hawezi kuingiza magunia mapya ghalani kabla ya kutoa ya zamani ikiwa ghala limejaa. Katika simu jambo ni gumu zaidi kidogo, kwa sababu toleo la zamani haliondolewi mpaka jipya limekwisha kupokelewa na kukaguliwa. Kwa muda mfupi simu hubeba yote mawili, pamoja na kifurushi kilichopakuliwa ambacho bado hakijafunguliwa. Ndiyo sababu programu ya megabaiti 60 yaweza kukataliwa na simu yenye nafasi ya megabaiti 100. Utaratibu huu una faida yake: usasishaji ukishindwa, programu ya zamani hubaki salama na kuendelea kufanya kazi.

Ukaguzi wa mwisho

Kituo hiki ndicho kisichojulikana na wengi. Simu hukagua mambo matatu.

Kwanza, tarehe. Seva hujitambulisha kwa cheti cha usalama chenye siku ya kuanza na siku ya kwisha. Simu iliyoishiwa umeme kwa muda mrefu huweza kuwaka ikionyesha tarehe ya miaka ya nyuma. Kwa hesabu ya simu hiyo cheti bado hakijaanza kutumika, hivyo hukikataa, na mawasiliano hayafanyiki.

Pili, toleo la mfumo wa simu. Watengenezaji hawawezi kuhudumia mifumo yote ya zamani milele. Kwa mfano, mwaka 2023 Google ilitangaza kuacha kuuhudumia mfumo wa Android 4.4, uitwao KitKat, uliotoka mwaka 2013. Simu ya namna hiyo si mbovu. Imepitwa na wakati, na hakuna kufuta wala kuwasha upya kutakakobadili hali hiyo.

Tatu, sahihi. Kila programu ya Android hutiwa sahihi ya kidijiti na mtengenezaji wake. Toleo jipya lisipokuwa na sahihi ileile ya toleo lililomo, simu hulikataa. Kwa hiyo mtu aliyepewa programu iliyochezewa na watu wengine, mathalani GBWhatsApp, ambayo si ya kampuni ya WhatsApp, hawezi kupata juu yake usasishaji wa mtengenezaji halisi.

Utaratibu wa kuitafuta hitilafu

Tuanze na jaribio lisilo na gharama wala hasara, kisha tuendelee na zito zaidi. Baada ya kila hatua tujaribu kupakua tena, na tuandike kilichotokea.

1. Soma taarifa iliyoandikwa kwenye kioo na uinakili neno kwa neno.
2. Fungua ukurasa wowote wa intaneti. Usipofunguka, hitilafu iko kwenye mtandao, kifurushi au tarehe, wala si kwenye programu. Muulize na jirani kama yake inafanya kazi.
3. Tazama tarehe na saa. Iache simu ijipangie yenyewe kutoka mtandaoni.
4. Tazama salio la kifurushi, ulilinganishe na ukubwa wa programu.
5. Angalia mpangilio wa Wi-Fi na foleni ya usasishaji.
6. Pima nafasi iliyobaki. Hamisha picha na video kwanza, kabla ya kufuta chochote.
7. Zima simu na uiwashe tena.
8. Futa hifadhi ya muda ya duka la programu. Hatua hii haiondoi programu zako.
9. Jaribu kupakua programu nyingine ndogo. Ikikubali, duka, akaunti na mtandao ni vizima. Chunguza toleo la mfumo na sahihi.
10. Mwisho kabisa ndipo uifute programu yenyewe na kuipakua upya, baada ya kuweka nakala ya yaliyomo. Anayeanza na hatua hii huweza kupoteza ujumbe wa miaka mingi kwa sababu ya tarehe iliyokosewa.

Hatari ya njia ya mkato

Aliyekwama hushawishika kupokea programu kutoka kwenye kiungo alichotumiwa na mtu asiyemjua. Programu ya kweli na ya bandia huweza kuwa na jina moja na picha moja. Ya bandia huweza kusoma ujumbe unaoingia, kunakili kile unachoandika, na kupeleka namba ya siri ya fedha kwa mwizi aliye mbali. Ukaguzi wa sahihi haumwokoi anayesakinisha programu kwa mara ya kwanza, kwa sababu simu haina sahihi ya awali ya kulinganisha. Mtu akiambiwa azime ulinzi wa simu ili programu iingie, ajue kwamba anaombwa kumfungulia mlango mgeni asiyemfahamu.

Ni vema pia tukumbuke kwa nini usasishaji wenyewe una maana. Matoleo mapya mara nyingi huziba matundu ya usalama yaliyogunduliwa katika yale ya zamani. Simu isiyosasishwa kwa muda mrefu hubaki na matundu hayo, na waovu hujua yalipo.

Majaribio ya darasani

Jaribio la kwanza. Chukueni simu isiyo na mambo ya fedha. Fungueni ukurasa wenye usalama, yaani ule ambao anwani yake huanza kwa "https". Kisha rudisheni tarehe ya simu nyuma kwa miaka mitano, fungueni ukurasa ule tena, na mwandike taarifa inayotokea. Rudisheni tarehe sahihi na mrudie. Elezeni ni jambo gani lililobadilishwa na ni mambo gani yaliyoachwa kama yalivyokuwa.

Jaribio la pili. Pakueni faili moja la megabaiti 5 saa 1 asubuhi, saa 7 mchana na saa 2 usiku, kwa simu ileile na mahali palepale. Pimeni muda kwa saa ya mkononi, mkokotoe kasi kwa megabiti kwa sekunde, na mchore grafu. Rudieni kwa siku tatu, kwa kuwa kipimo kimoja hakitoshi kujenga hoja.

Wanafunzi watakaofanya hivyo watakuwa wamejifunza jambo kubwa kuliko kutengeneza simu. Pampu ya maji iliyosimama, redio isiyosikika na pikipiki isiyowaka vyote huchunguzwa kwa njia hiyohiyo. Fundi mzuri hujua mahali pa kuanzia, hubadili kitu kimoja kwa wakati mmoja, na huacha kwa mwisho kile ambacho kikishafanywa hakirudi nyuma.