Upatanisho wa Kisarufi na Lafudhi ya Kisanii katika "Mi Mmasai"

Wimbo "Mi Mmasai" wa Mr. Ebbo (Abel Loshilaa Motika, aliyefariki mwaka 2011) ulivuma Tanzania mwanzoni mwa miaka ya 2000 kwa kughani Kiswahili chenye lafudhi ya Kimaasai. Kuuchukua kama data ya Kiswahili cha wafugaji ni kuusoma vibaya. Jina lenyewe halina kosa: kiambishi m- cha ngeli ya kwanza kipo mahali pake, na mi ni ufupisho wa kawaida wa mimi. Msanii alikuwa Mmaasai; lafudhi hiyo aliiteua kwa ucheshi, na ndani ya ucheshi mna fahari.

Mwanafunzi wa Buger, wilayani Karatu, hana uteuzi huo. Lugha yake ya kwanza aghalabu ni Kiiraqw, lugha ya Kikushi yenye jinsia za kisarufi badala ya ngeli za Kibantu. (Kimaasai, ambacho ni cha Kiniloti, nacho hugawa nomino kwa jinsia: ol- na en-.) Anaposema *kitabu yangu, hatanii. Kosa lake lichambuliwe kwa kuanzia Kiiraqw, wala si kwa kuanzia wimbo uliotungwa kuchekesha.