"Bibi, gusa penye Mipangilio": jinsi ya kufukuza matangazo ya magemu kwenye simu

 

Majuzi nilikuwa naongea na mama yangu kwa WhatsApp. Yeye yuko Tanga, mimi niko huku kwenye baridi. Katikati ya mazungumzo sauti yake ikafunikwa na muziki wa kelele na makofi. Mama akasema, "Hawa watu wamekuja tena." Nikamuuliza watu gani. "Hawa wa kwenye simu. Nikiishika wanakuja, nikiiweka wanakuja. Juzi wameniambia simu yangu inaumwa."

Nilipochunguza nikakuta mhusika analala chumba cha pili nyumbani kwangu. Likizo ya Agosti tulikuwa Tanga, na mwanangu wa miaka tisa akapakua magemu saba kwenye simu ya bibi yake. Akacheza wiki tatu, tukapanda ndege tukarudi, magemu yakabaki. Tangu hapo bando la wiki la Mama lilikuwa linaisha kwa siku mbili. Alidhani mtandao ndio unamwibia. Hakutuambia kitu, kwa sababu hakutaka kuwa mzigo, ila alianza kupunguza kutupigia. Sisi tulidhani ana shughuli nyingi.

Jumamosi iliyofuata niliuliza darasani nani amewahi kupakua gemu kwenye simu ya bibi, babu, shangazi au mjomba kule nyumbani. Mikono ilivyoinuka, nikajua makala ya wiki hii itahusu nini.

Kwanza mjue matangazo yanatoka wapi. Gemu la bure si la bure kweli. Aliyelitengeneza hukodisha nafasi ndani yake kwa watu wenye bidhaa. Analipwa kidogo tangazo likionekana, zaidi likiguswa, na zaidi tena ukipakua ile programu inayotangazwa. Ndiyo maana alama ya X ya kufungia ni ndogo kama punje ya mchele na imesukumwa pembeni kabisa. Kidole kikikosea kidogo, umeshagusa tangazo. Usijilaumu, vidole vyako havina kosa. Kuna hata X za uongo, ambazo ni sehemu ya picha tu, na yamewahi kuonekana matangazo yaliyochorwa unywele mmoja, ili udhani kioo kina unywele, uufute kwa kidole, na hapo umeshaligusa.

Yapo pia matangazo ya zawadi: tazama video ya sekunde 30, upate sarafu au uhai mwingine. Hayo sina ugomvi nayo sana. Ni biashara ya wazi, unauza sekunde zako 30. Shida ni kwamba ile video inasafiri kwa intaneti, na ukiwa kwenye simu ya Bibi, nauli yake inalipwa na bando la Bibi. Wewe umezoea Wi-Fi ya hapa isiyoisha, humuoni mtu akilipa.

Sasa, kabla ya kufuta chochote, ujue una tangazo la aina gani. Funga magemu yote, rudi kwenye skrini ya mwanzo, uiache simu mezani kwa muda. Kama kimya, matangazo yako yanaishi ndani ya gemu, na dawa yake ni nyepesi. Kama yanajitokeza hata gemu likiwa limefungwa, kuna programu iliyojificha kwenye simu. Dawa ya kwanza haitibu ugonjwa wa pili, na watu wengi huchoka kwa sababu ya kuchanganya haya mawili.

Ya ndani ya gemu: kama gemu halihitaji intaneti, kwa mfano mafumbo, karata au bao, zima intaneti kabla ya kulifungua. Huku kwetu unaweza kuweka hali ya ndegeni na kuacha Wi-Fi imezimwa. Kwenye simu ya Bibi usiweke hali ya ndegeni, maana hata simu za kawaida hazitaingia na jirani akimpigia hatampata. Zima data peke yake. Magemu mengine yatakataa kufunguka bila mtandao, basi hayo ama unayavumilia, ama unayafuta, ama mzazi analipa mara moja kuondoa matangazo. Kwa gemu ambalo mtoto analipenda kweli na analicheza miezi, mimi naona kulipa ni haki. Aliyelitengeneza naye ana watoto. Lakini soma vizuri kama malipo ni ya mara moja au ya kila wiki. Nitarudi hapo.

Kwa wenye Android kuanzia toleo la 9 kuna njia nyingine. Ndani ya mipangilio ya mtandao kuna sehemu ya DNS ya faragha. Ukiandika hapo dns.adguard-dns.com na kuhifadhi, simu haitaweza kuzipata anwani nyingi zinazoleta matangazo, kwenye kivinjari na ndani ya magemu pia. Haizuii yote, na mara chache tovuti fulani itagoma kufunguka. Ikigoma, rudisha kama ilivyokuwa. Ifanye na mzazi.

Aina ya pili ndiyo iliyokuwa kwa Mama. Sikuishughulikia mimi. Nilimkalisha mwanangu na simu nikamwambia, wewe uliyeweka ndiye utakayeondoa, na kwa Kiswahili. Simu ya Mama ni Android na lugha yake ni Kiswahili, kwa hiyo mtoto alilazimika kujua kila kitufe kinaitwaje. Nanyi jifunzeni kabla ya kupiga: Mipangilio, Programu, Arifa, Ruhusa. Kufuta programu ni Ondoa, na kwenye simu nyingine utakuta Sanidua. Maneno hutofautiana kidogo kati ya Tecno na Samsung, msishangae.

"Shikamoo Bibi."

"Marahaba mume wangu. Umekuja kuwafukuza wale watu?"

"Ndiyo Bibi. Wakija, usiwaguse. Gusa kile kitufe cha mraba hapo chini."

Hiki kitufe cha mraba ndicho mtego wenyewe. Kinaonyesha programu zote zilizo wazi kwa wakati huo, na ile inayorusha tangazo hujikuta imesimama mbele na alama yake. Simu isiyo na kitufe hicho, telezesha kidole kutoka chini kwenda juu na ushikilie. Mama akasoma: tochi. Ilikuwa programu ya tochi! Simu yake ina tochi tangu aliponunua. Tukamuuliza mtoto, akakumbuka: gemu moja lilimwahidi sarafu 500 akipakua ile tochi. Akapakua, akapata sarafu, akaisahau. Programu za namna hii husubiri hata siku kadhaa ndipo zianze vituko, ili usiihusishe na kile ulichokipakua. Nyingine huficha alama yake, ukiitafuta kwenye skrini huioni. Hiyo utaipata kwa kufungua Mipangilio kisha Programu, na kuipitia orodha nzima. Itilie shaka ile isiyo na jina au yenye alama tupu.

Google imekuwa ikizifuta programu kama hizi kwenye duka lake. Februari 2020 ilitangaza kuondoa karibu 600 kwa mkupuo kwa sababu ya matangazo ya kusumbua. Hata hivyo zikifutwa kwa mlango wa mbele nyingine huingia kwa mlango wa nyuma, kwa hiyo kuikuta dukani si ushahidi kuwa ni safi.

Kama kitufe cha kuondoa hakikubali kuguswa, programu imejipa cheo cha usimamizi wa simu. Nenda kwenye Mipangilio, upande wa usalama, tafuta orodha ya programu zenye usimamizi wa kifaa, uivue cheo, kisha uiondoe. Na kama matangazo hayatoi nafasi hata ya kugusa kitu, iwashe simu katika hali salama: shikilia kitufe cha kuwashia mpaka ione chaguo la kuzima, kisha shikilia lile neno la kuzima mpaka simu iulize kama unataka hali salama. Kwa simu nyingi za Android njia ni hiyo. Katika hali hiyo programu ulizopakua hazifanyi kazi, unaondoa unachotaka kwa utulivu, unazima na kuwasha tena.

Tukadhani tumemaliza. Kesho yake Mama akapiga: tochi imekwenda, lakini bado anaambiwa simu ina virusi vinne. Haya yalikuwa yanatoka kwingine, kwenye Chrome. Siku moja alifungua ukurasa wa mapishi, ukamuuliza kama unaweza kumtumia arifa, na Mama ni mtu wa adabu, akiombwa ruhusa anatoa. Tangu hapo ukurasa ule ulikuwa unamtumia vitisho kila saa. Dawa: fungua Chrome, gusa nukta tatu, Mipangilio, Mipangilio ya tovuti, kisha Arifa. Kila tovuti usiyoitambua, izuie. Hapo hapo hakikisha madirisha ibukizi yamezuiwa.

Watoto, mwambieni Bibi jambo hili polepole, maana ndilo linalomnyima usingizi: ukurasa wa intaneti hauna uwezo wa kupima virusi kwenye simu yako. Ukiona umetaja aina ya simu yako usiogope, kivinjari chenyewe kinaweza kuitaja kwa tovuti unayoitembelea. Aliyekuambia una virusi anataka upakue "dawa" yake, na dawa hiyo ndiyo virusi. Asiguse, afunge ukurasa.

Tangu 2023 WhatsApp ina njia ya kuonyeshana skrini mkiwa kwenye simu ya video, na ilitusaidia kwa Mama pale maelezo yalipokwama. Lakini mwambieni Bibi kwa mkazo kwamba hilo ni la watoto na wajukuu tu. Mtu asiyemjua akimpigia na kumwomba aonyeshe skrini, ni mwizi anayetaka kuona namba zake za siri za benki na za M-Pesa.

Kwa simu zetu za huku, wenye iPhone mna shida chache za programu zinazojificha, lakini matangazo ndani ya magemu ni yale yale. Kwenye mipangilio ya Safari washeni kizuizi cha madirisha ibukizi. Mkiona kalenda inawatumia onyo la virusi, ni kalenda ya kigeni mliyojiunga nayo bila kujua. Fungueni orodha ya kalenda, iondoeni. Na kwenye sehemu ya faragha zuieni programu kuomba kuwafuatilia. Hilo halipunguzi idadi ya matangazo, linapunguza kule kukujua tu.

Wazazi, sasa pesa. Tangazo moja la gemu liliwahi kunitoza mimi mwenyewe pauni nne na nusu kila wiki kwenye bili ya simu, kwa miezi miwili na zaidi, kabla sijaisoma ile bili. Mwanangu alijua kuna kitu amegusa. Hakusema kwa kuwa mara ya mwisho alipogusa kitu nilimpigia kelele. Angeniambia siku ile ile, ningepoteza wiki moja tu. Tangu hapo nimeweka sheria nyumbani kwangu: akija mwenyewe kusema, hakuna kugombezwa. Inanigharimu subira, lakini ni nafuu kuliko bili.

Mengine ni ya mikono tu. Kwenye Google Play weka sharti la nywila au alama ya kidole kwa kila ununuzi. Kwenye iPhone, ndani ya mipangilio ya muda wa skrini, zima kabisa ununuzi wa ndani ya programu. Mwombe mtandao wako wa simu uzuie malipo yanayoingia kwenye bili. Kama umeshatozwa kupitia Google Play, omba urudishiwe upesi, ndani ya saa 48 ukiweza. Kwa Apple kuna ukurasa wa reportaproblem.apple.com. Msione haya kudai. Desemba 2022 ilitangazwa Marekani kwamba Epic Games, wenye Fortnite, watalipa dola milioni 245 za kurudishia wachezaji, kwa sababu vitufe vya gemu vilipangwa kwa namna iliyowafanya watu wanunue bila kukusudia. Kama watu wazima walinaswa, mtoto wa miaka tisa ni nani?

Kazi ya nyumbani ya wiki hii ni simu moja. Mpigie bibi, babu au shangazi mliyemwachia magemu, msalimie, muulize bando lake linakaa siku ngapi, kisha mfute pamoja kimoja kimoja. Muulize kwanza, maana kuna wanaoyapenda: Mama amegoma kufuta lile la karata. Jumamosi baada ya kipindi cha pili nitakaa mezani karibu na birika la chai. Leteni simu zikiwa na chaji, na mzazi mwenye nywila aje naye.