Je, Wajua? Samoni Hujifunza Njia ya Kurudi Akiwa Anaondoka

Samoni anayejulikana na wengi ni yule wa kwenye filamu za wanyama: samaki mnene anayeruka maporomoko huku dubu akimngoja juu. Huyo ni mzee anayerudi kuzaa na kufa. Miaka kadhaa kabla ya hapo, samaki huyohuyo, akiwa na urefu wa kidole au kiganja, aliuteremka mto huo kwenda kwenye bahari asiyoijua. Kama ni samoni wa Pasifiki, hakuwa na mzazi wa kumwonyesha njia, maana baba na mama walikufa yeye akiwa bado yai. Safari hiyo ya kushuka husimuliwa kidogo, nami naiona kubwa kuliko ile ya kupanda.

Je, wajua kwamba samoni huanza maisha akiwa amefukiwa?

Jike huchimba shimo kwenye sakafu ya mto kwa kupigapiga mkia, hutaga, na dume akishamwaga mbegu zake, jike huyafunika mayai kwa changarawe. Samoni mfalme, mkubwa kuliko wenzake wote wa Pasifiki, hutaga maelfu ya mayai kwa mara moja. Yatakaa humo gizani majira yote ya baridi, yakiishi kwa oksijeni inayoletwa na maji yanayopenya katikati ya mawe. Ndiyo maana msitu ukifyekwa mlimani, au barabara ikichongwa ovyo kando ya kijito, kizazi kizima kinaweza kupotea bila mtu kuona mzoga hata mmoja. Udongo laini huziba nafasi kati ya mawe, na mayai hukosa hewa hukohuko chini.

Joto la maji ndilo huamua siku ya kuanguliwa. Watunzaji wa samoni wa Atlantiki hujumlisha nyuzi joto za kila siku hadi zifike 500 hivi: maji yakiwa na nyuzi 5, ni siku 100, yakiwa na nyuzi 10, ni siku 50. Kwa hiyo mto ukiongezeka joto kidogo tu wakati wa baridi, vifaranga hutangulia kutoka kabla chakula chao hakijawa tayari.

Hata baada ya kuanguliwa, kifaranga hatoki mara moja. Ana mfuko wa kiini cha yai tumboni, na huutumia kwa wiki kadhaa akiwa bado chini ya mawe. Unapokwisha hujipenyeza juu, mara nyingi usiku. Kazi yake ya kwanza ni kupanda hadi usoni mwa maji na kumeza hewa, aijaze kibofu kitakachomwezesha kuelea.

Je, wajua kwamba wengine huanza kwa kupanda?

Samoni mwekundu hukulia ziwani kwa mwaka mmoja au miwili kabla ya kwenda baharini. Kwa hiyo kifaranga aliyeanguliwa kwenye mto unaoingia ziwani hushuka na mkondo, lakini yule aliyeanguliwa kwenye mto unaotoka ziwani lazima apambane na maji kwenda juu. Hivyo ndivyo wafanyavyo vifaranga wa mto Chilko, huko British Columbia nchini Kanada. Tabia hiyo wamezaliwa nayo. Hata wakilelewa kituoni, mbali na ziwa lao, bado wana mwelekeo wa kupanda.

Samoni waridi hana subira hiyo, huelekea baharini mara tu anapotoka kwenye changarawe. Samoni aina ya koho hukaa kijitoni kwa mwaka mmoja hivi, na hustawi sana kwenye vidimbwi vinavyozuiwa na mgugunaji aitwaye biva. Samoni wa Atlantiki kwenye mito ya baridi kali huweza kukaa miaka minne au mitano. Muda wote huo kinda ana mistari myeusi ya wima ubavuni inayomficha kati ya mawe, na analinda eneo lake dogo kwa ukali, uso umeelekea mkondo unakotoka, akidaka wadudu wanaoletwa na maji.

Je, wajua kwamba wako madume wasiokwenda baharini kabisa?

Kwa samoni wa Atlantiki, baadhi ya makinda ya kiume hukomaa yakiwa bado na mistari ya utotoni. Dume wa gramu chache tu hujificha karibu na shimo la jike wa kilo kadhaa, na madume wakubwa wakiwa wanagombana, huchomoka na kurutubisha sehemu ya mayai. Jike akirudi peke yake kutoka baharini, bado anaweza kupata watoto.

Je, wajua kwamba mwili wa samoni hujitayarishia chumvi kabla ya kuionja?

Hapa ndipo ajabu yenyewe ilipo. Samaki wa mtoni ana chumvi nyingi mwilini kuliko maji yanayomzunguka, kwa hiyo maji humwingia bila kukoma. Figo zake huyatoa kwa mkojo mwingi, na matamvua huokota chembe za chumvi mtoni. Baharini mambo hupinduka: maji ya chumvi huunyonya mwili wake, naye hulazimika kuyanywa na kuitoa chumvi kwa matamvua yaleyale.

Samoni hangoji kufika baharini ndipo ajirekebishe. Siku zinapoanza kurefuka katika majira ya kuchipua, homoni hupanda mwilini mwake akiwa bado mtoni. Chembe za matamvua hujengwa upya. Mistari ya ubavuni hufunikwa na rangi ya fedha, ambayo itamficha kwenye bahari ya wazi. Tabia nayo hubadilika: aliyekuwa akimfukuza kila jirani sasa anaogelea kundini, na aliyekuwa akiukinza mkondo sasa anajiachia, mara nyingi usiku, mkia ukitangulia na kichwa kikiwa bado kimeelekea alikotoka. Muda wa mabadiliko haya ni mfupi. Akicheleweshwa wiki kadhaa, mwili huanza kurudia hali ya mtoni, na bahari inakuwa hatari kwake.

Je, wajua kwamba hukariri mto kwa pua?

Mwaka 1946 Arthur Hasler, mtaalamu wa samaki kutoka Chuo Kikuu cha Wisconsin, alikuwa akipanda mlima huko Utah, alikokulia. Akikaribia maporomoko ya maji, harufu ya kuvumwani na maua ilimrudishia kumbukumbu za utotoni alizodhani zimefutika. Akajiuliza: je, samoni naye hurudi kwa njia hii? Katika miaka ya 1970 yeye na wenzake waliwalea koho kwenye maji yaliyotiwa kemikali isiyopatikana mtoni, wakawaachia katika Ziwa Michigan. Wakati wa kurudi ulipofika, walitia kemikali ileile katika kijito ambacho samaki hao hawajapata kukiona, nao wakaingia humo.

Kinachonigusa zaidi ni wakati wa kukariri. Homoni ya tezi ya thairoidi, ambayo ni miongoni mwa zinazomgeuza samoni kuwa wa baharini, inahusika pia na kuifungua kumbukumbu yake ya harufu. Kwa maneno mengine, anajifunza njia ya kurudi katika siku zilezile anazoondoka, kijito baada ya kijito.

Na pua peke yake haitoshi katikati ya bahari. Utafiti uliochapishwa mwaka 2014 ulitumia makinda ya samoni mfalme wa Oregon ambao hawajawahi kutoka kwenye maji baridi. Walipowekwa katika uga wa sumaku unaofanana na ule wa kaskazini ya mbali, walielekea kusini. Walipowekewa ule wa kusini, walielekea kaskazini. Ramani hiyo wanazaliwa nayo.

Je, wajua kwamba mamilioni ya samoni wachanga husafiri kwa tishari?

Ziwa Redfish, Idaho, liko karibu mita 2,000 juu ya usawa wa bahari, na kinda wa samoni mwekundu anayetoka huko ana kilomita 1,450 hivi za kushuka hadi Pasifiki. Njiani, katika mito ya Snake na Columbia, kuna mabwawa manane. Kila bwawa huugeuza mto kuwa ziwa, na samaki aliyetegemea kubebwa na mkondo hujikuta kwenye maji yaliyotulia, siku zake zikihesabika. Mwaka 1992 ni dume mmoja tu aliyerudi katika ziwa hilo. Uzazi wa kituoni ndio uliokiokoa kizazi chake.

Ili kuwapitisha, Kikosi cha Wahandisi cha Jeshi la Marekani hukusanya makinda kwenye mabwawa ya juu, huwapakia kwenye matishari na malori, na kuwaachia chini ya bwawa la Bonneville, la mwisho kabla ya bahari. Ndani ya tishari maji ya mto hupitishwa muda wote ili samaki aendelee kuyanusa. Hata hivyo, waliobebwa hupotea njia zaidi wakati wa kurudi kuliko walioogelea wenyewe. Kwangu huo ni ushahidi mzito kwamba mto wenyewe ni shule, na kufikishwa haraka hakuwezi kuchukua nafasi yake.

Je, wajua kwamba shamba la mpunga linaweza kuwa malezi bora kuliko mto?

Bonde la Kati la California lilipoteza zaidi ya asilimia 90 ya ardhi iliyokuwa ikifunikwa na mafuriko, mito ilipozungushiwa kingo. Tangu mwaka 2012, watafiti na wakulima karibu na Sacramento wamekuwa wakijaza maji mashamba ya mpunga baada ya mavuno na kuwaweka humo makinda ya samoni mfalme. Mabua yanayooza hulisha vijidudu, vijidudu hulisha viumbe vidogo vya majini, na samaki hunenepa upesi mno kuliko wenzao waliobaki mtoni. Kinda mkubwa hufika baharini akiwa na nafasi bora ya kuishi.

Je, wajua kwamba Mlima Kenya una jamaa wa samoni?

Trauti wa upinde wa mvua, waliopelekwa na walowezi kwenye mito ya Mlima Kenya na Aberdare mwanzoni mwa karne ya 20, ni wa jenasi moja na samoni wa Pasifiki. Kwao Amerika ya Kaskazini, baadhi yao hugeuka rangi ya fedha na kwenda baharini, huku ndugu zao wakibaki mtoni maisha yote.

Je, wajua kwamba kupotea njia nako kuna faida?

Mwaka 2024 mabwawa manne ya mto Klamath, kwenye mpaka wa California na Oregon, yalimalizika kubomolewa baada ya miaka mingi ya madai ya watu wa asili wa bonde hilo, wakiwemo Wayurok na Wakaruk. Oktoba mwaka huohuo samoni mfalme walionekana ndani ya Oregon, juu ya mahali pa mabwawa, kwa mara ya kwanza tangu 1912. Wazazi wao hawakuwahi kufika huko. Kila mwaka, katika kila mto, wako wachache wanaoiacha harufu ya nyumbani na kujaribu kijito kingine, na kwa hao mito iliyofunguliwa hupata wakazi wapya. Watoto wao waliotoka kwenye changarawe mapema mwaka 2025 wameteremka wakiwa na harufu ya vijito vile vya juu puani. Samoni mfalme wa Klamath wa majira ya vuli hurudi zaidi akiwa na umri wa miaka mitatu au minne, kwa hiyo hesabu ya kungojwa ni ya mwaka 2027 na 2028.